Viatu Vikiwa Mlangoni

Kuna maneno ambayo hata adui humwambii kabla hajanywa chai, na asubuhi ile Fundi alimwambia mumewe.

"Kuishi na wewe ni sawa na kuishi na kabati," alisema, mikono kiunoni, tepu yake ya kupimia ikining'inia shingoni kama kawaida. "Tena kabati lina afadhali. Ukilifungua linalia. Wewe hata kulia hulii. Siku ukipotea, nani atajua? Nani atahangaika kukutafuta?"

Mumewe alikuwa amekaa ukingoni mwa kitanda akifunga kamba ya suruali yake ya kazi. "Mm," alisema. Alichukua mfuko wake wa begani, akatoka, akavaa viatu vyake pale nje ya mlango, akaenda zake. Kikombe cha chai kilibaki mezani hakijaguswa. Fundi alikitazama mpaka utando ukaota juu ya chai, na hasira ikazidi kumpanda, maana ugomvi wa mtu mmoja unachosha kuliko kulima.

Chanzo kilikuwa simu ya jana yake. Binti yao wa pekee, aliyeolewa mbali, alipiga kusema kwamba mwaka huu pia hatakuja. Mtoto anaumwaumwa, mume hana likizo, safari ni ndefu. Sababu zilikuwa nyingi na zote za kweli. Fundi aliongea naye, akalia, akaongea tena. Kisha akampa baba mtu simu. Baba mtu akaiweka sikioni, akasikiliza, akasema, "Haya. Salama," akairudisha. Basi! Mwaka wa pili hajamtia mwanawe machoni, halafu haya, salama. Usiku ule Fundi alimgeuzia mgongo, naye akahamia kwenye kiti cha chumba cha mbele. Kulala kwenyewe kulikuwa jina tu, kwa sababu kile kiti kililia mpaka kukapambazuka.

Mume huyo watu walimwita Taratibu, mkewe naye hivyo hivyo, na jina lilimkaa. Kazi yake ilikuwa kupakia magari kwenye treni. Magari mapya, ambayo hayajapata hata namba, yaliletwa yadi yakapangwa, na akina Taratibu wakayaendesha moja moja kupanda daraja la chuma mpaka ndani ya mabehewa. Na mabehewa yenyewe si haya ya kubebea watu na mizigo. Yalikuwa marefu, ya ghorofa mbili, yamezibwa pande zote kwa mabati yenye vitundu vidogo ili wahuni wasiyapige magari mawe njiani. Milango ilikuwa kwenye ncha tu. Dereva aliingiza gari upande mmoja, akapita ndani kwa ndani, behewa baada ya behewa, mpaka nafasi yake. Akazima, akatoka kwa kujibana, akaweka kabari kwenye matairi, akarudi kwa miguu kufuata jingine. Taratibu alikuwa ameendesha magari mengi kuliko matajiri wote wa mji ule wakiwekwa pamoja, na hakuna hata moja alilowahi kuliendesha barabarani. Leseni hakuwa nayo. Gia ya pili aliijua kwa kusikia.

Na kwa kuwa magari yalikuwa ya watu wa mbali wasiotaka kuona hata alama ya kidole, kazi ilikuwa na masharti yake. Pete marufuku, saa marufuku, mkanda wa suruali marufuku, visije vikakwaruza rangi. Suruali zote za Taratibu, Fundi alizishona mwenyewe kwa cherehani yake, za kamba, bila zipu wala kifungo. Viatu vilivuliwa chini ya daraja na mtu akaingia na soksi, mazulia yasichafuke. Mfunga milango, mzee aliyekaribia kustaafu, alikuwa na kipimo chake kimoja tu. Jioni alitazama chini ya daraja. Kama hakuna kiatu, watu wote wametoka, akafunga. Miaka yote aliyofanya kazi, kipimo hicho hakikuwahi kumdanganya.

Jioni ya siku ile ilishuka mvua ya ghafla, na Taratibu hakurudi.

Fundi alifunika chakula kwa sahani. "Anisusie tu," aliiambia cherehani. "Akichoka kususa atarudi." Akashona sare za shule mpaka macho yakamwuma, akalala upande wake wa kitanda, akiacha upande wa pili ulivyo.

*

Kulipokucha alifungua mlango na kutazama chini kabla ya kutazama mbele. Nyumba ile viatu vilivuliwa nje. Hukuhitaji kupiga hodi kujua nani yumo. Viatu vya Fundi vilikuwepo. Pale pa Taratibu palikuwa patupu.

Dada yake Taratibu, wifi yake Fundi, aliishi chumba cha pili uani, na masikio yake yaliishi chumba cha Fundi. Alikuja na ufagio mkononi, ingawa ua ulikuwa umeshafagiliwa.

"Kaka yangu hakulala hapa," alisema. Hakuuliza.

"Atakuwa kazini."

"Usiku kucha? Kwani treni zinanyonyeshwa?"

"Wifi, sitaki maneno."

"Maneno uliyamaliza wewe jana. Niliyasikia. 'Nani atahangaika kukutafuta?' Haya sasa, mtafute." Wifi aliegemea ufagio. "Lakini nikwambie kitu, na usinune. Mwanamume akiambiwa hatafutwi, huenda mahali anapotafutwa."

"Una maana gani?"

"Nina maana kaka yangu si mti. Umemkatakata kwa ule mdomo wako mpaka umemfukuza. Usije kulia kwangu."

Fundi aliingia ndani akakaa kwenye kile kiti cha chumba cha mbele. Alijaribu kumfikiria huyo mwanamke mwingine, akashindwa. Taratibu angemtongoza kwa nini, kwa "mm"? Karibu acheke. Halafu wazo jingine likaja, nalo halikuwa la kuchekesha: labda yupo mtu ambaye kwake Taratibu anaongea. Labda ni huku nyumbani tu ndiko maneno yanamwishia. Likamchoma pale pale alipokuwa hajajikinga. Akajifunga mtandio, akaifunika cherehani, akatoka kwenda yadi, mahali ambapo tangu aolewe alikuwa hajawahi kukanyaga.

*

Mlinzi wa geti alikuwa mtu mchangamfu, na wachangamfu ndio wabaya ukiwa na shida.

"Mama, mume hapotei," alisema. "Mume anahama. Juzi juzi alikuja mwenzako hapa analia, tukamsaidia kutafuta wee, kumbe bwana ana nyumba ya pili nyuma ya ukuta huu huu!" Alicheka mpaka akajifuta macho. "Msubiri mwisho wa mwezi. Njaa huwarudisha."

Watu wawili waliokuwa wakipita walicheka naye. Fundi alisimama akitazama vidole vyake vya miguu kama mtoto aliyechelewa shule. Mwishowe mlinzi akamwita msimamizi, kijana nadhifu mwenye simu mbili.

"Taratibu?" msimamizi alisema. "Leo hajafika. Na ukimwona, mwambie asijisumbue. Watu wanaosubiri hiyo nafasi wamejaa huko nje."

"Jana alitoka hapa saa ngapi?"

"Mama, mimi naangalia magari. Likipotea gari, niulize." Simu moja ikaita, akaipokea, akaondoka akiongea.

Aliyemwonea huruma alikuwa Bonge, mpakiaji mwenzake Taratibu, mtu wa kiuno kikubwa ambaye haikueleweka anatokaje kwenye magari yale. Alimwambia mlinzi kwamba huyu ni shemeji yake, jua ni kali, akamwingiza Fundi ndani na kumkalisha kwenye kibanda cha mabati ambapo wapakiaji walipumzika. Hatua chache mbele ilikuwepo njia ya reli, na juu yake mabehewa mengine yakisubiri kupakiwa. Chini ya daraja la chuma viatu vya waliokuwa ndani vilikuwa vimepangwa safu. Fundi akaviona na akashangaa. Ilikuwa kama mlango wa nyumba yenye watu wengi.

"Mmegombana?" Bonge aliuliza.

"Nimegombana mimi. Yeye alisema mm."

Bonge akacheka. "Taratibu? Yule msemaji?"

"Msemaji nani?"

"Hee, shemeji! Yule akishazima gari hatoki mara moja. Anakaa humo, mikono kwenye usukani, anaongea na kiti cha pembeni. Sisi tunamtania kila siku, Taratibu leo umembeba nani? Naye hana habari. 'Mke wangu, funga mkanda,' anasema. 'Leo tunakwenda kwa binti. Ukisikia kichefuchefu uniambie nisimame.' Anakusimulia barabara nzima! Mara mlima, mara ng'ombe wamekatiza, mara mmefika mjukuu anawakimbilia. Mimi nilidhani nyumbani ndiyo redio kabisa."

Fundi alivuta mtandio ukamfunika nusu ya uso.

"Na jana alizidi," Bonge aliendelea, akiona labda anamliwaza. "Nilipaki gari nyuma yake. Nikamsikia anaomba radhi, anaomba radhi. Nikapita zangu. Mambo ya mtu na mkewe hayasikilizwi."

Fundi aliona wivu. Mtu akimwambia angekana, lakini ulikuwa wivu hasa. Alimwonea wivu mwanamke yule wa kwenye kiti cha pembeni, aliyepelekwa kwa binti kila siku, aliyeulizwa kama anasikia kichefuchefu, na ambaye alikuwa yeye mwenyewe. Machozi yakamjaa. Akainamisha kichwa Bonge asiyaone, na hapo ndipo alipoviona, nyuma ya pipa la maji, vimelala ubavu.

Kisigino cha kushoto kilikuwa kimelika upande mmoja. Kamba ya kulia ilikuwa utepe wa kijani wa sare za shule, aliokuwa ameukata mwenyewe kwenye mabaki yake ya kitambaa.

"Bonge. Hivi viatu mbona viko huku?"

"Vipi hivyo? Ah! Jana mvua iliposhuka nilivikumbatia viatu vya wote pale chini ya daraja, nikavitupa humu visilowe. Kila mtu akija anachukua vya kwa..."

Hakumalizia.

"Mume wangu hatembei peku," Fundi alisema. Sauti yake ilikuwa ndogo, hata yeye hakuitambua. "Kwetu viatu vikiwa mlangoni, mtu yumo ndani."

Bonge aligeuka akatazama njia ya pili ya reli, ambapo treni ya jana ilikuwa imesimama. Palikuwa na vyuma na kokoto tu. Akaanza kukimbia kuelekea ofisini, na kwa mwili ule, kila aliyemwona alijua kuna msiba.

*

Ofisini kulikuwa na feni, na kwa sababu ya feni kila mtu aliongea polepole. Msimamizi alipiga simu huku na huku. Treni ilipatikana. Ilikuwa imepishwa kando kwenye njia ya pembeni, si mbali sana, ikingoja treni za abiria zipite; ilikuwa hapo tangu usiku na ingekuwa hapo mpaka jioni.

"Basi wafungue," Fundi alisema.

"Si kirahisi hivyo, mama. Ile milango ina lakiri. Ikifungwa hapa inafunguliwa mwisho wa safari, mbele ya wenye magari. Tukiivunja njiani, na mtu asiwemo, itakuwaje?"

"Mwisho wa safari lini?"

Msimamizi alitazama ukutani. "Kesho kutwa."

Nje jua lilikuwa linayachoma mabati ya paa mpaka yanalia. Fundi alisikia kila bati likilia. Alikuwa mtu wa maneno. Sokoni walimwogopa, kwenye vikao vya wazazi wa shule walimpa nafasi ya mwisho ili watu wapate nao kusema. Sasa alitafuta neno la kumwambia kijana huyu, na alichopata ni kuviweka vile viatu mezani, juu ya karatasi zake safi.

"Toa viatu mezani, mama."

"Sitoi."

Mlango ulifunguliwa akaingia mfunga milango. Bonge alikuwa ameshamwambia. Alikuwa ameshika kofia yake kwa mikono miwili.

"Niliangalia chini ya daraja," alisema, akimtazama Fundi na si msimamizi. "Wallahi mama, niliangalia. Hakukuwa na kiatu."

"Najua, baba."

"Nilifunga mimi." Sasa alimgeukia msimamizi. "Nitafungua mimi. Mkasi wa kukatia lakiri ninao. Mnifukuze nikirudi."

"Mzee, umebakiza miezi michache tu ustaafu."

"Ndiyo. Nataka niimalize nikilala usingizi."

Feni ilizunguka. Msimamizi alivitazama viatu, hasa ule utepe wa kijani, akauma mdomo. Hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu anayeogopa waliokuwa juu yake, na wa aina hiyo ni wengi. Akachukua funguo za gari la kazi. "Twendeni," alisema. "Lakini mimi sijasema neno."

*

Treni ilikuwa ndefu kupita alivyofikiri. Ilisimama katikati ya vichaka, mabehewa ya kijivu yasiyo na dirisha hata moja, na joto lilipanda juu yake likitetemesha hewa. Upande wa mbele, wafanyakazi wa treni walikuwa wamekaa kwenye kivuli chake wakicheza karata. Walisema hawajasikia kitu.

"Alikuwa behewa gani?" msimamizi aliuliza.

Bonge hakukumbuka. La katikati, labda. Jana walikimbizana na mvua, na jana yalipakiwa magari mengi. Alianza kupiga mabati kwa ngumi, behewa baada ya behewa. "Taratibu! Wewe Taratibu!" Mfunga milango alipiga kwa nyundo. Kila walipopiga, chuma kiliitikia ndani kwa ndani, kisha kimya. Wacheza karata walisimama kutazama. Msimamizi alitazama saa.

Fundi alikuwa amebaki nyuma na viatu vya mumewe kifuani. Aliyatazama mabati yale yenye vitundu, akajiuliza: mtu anaongeaje na kitu kama hiki? Akacheka kwa uchungu, maana aliwahi kusema kabati. Alisogea mpaka karibu, mdomo kwenye vitundu, chuma kikimchoma paji la uso.

"Ni mimi," alisema. Akasogea behewa la pili. "Ni mimi, baba. Nimekuja kukutafuta." Na la tatu. "Unanisikia? Mkeo. Nimekuja."

Hakuna aliyemwambia apaze sauti. Alikwenda hivyo hivyo, akinong'ona kwenye vitundu kama mtu anayemwamsha mgonjwa. Alikuwa ameshavuka katikati ya treni na Bonge alikuwa ameanza kulia waziwazi, jitu zima, pale ndani ya behewa ilipolia honi.

Ilikuwa honi fupi ya adabu, kama ya mtu anayeomba njia.

Mfunga milango alikata lakiri. Mlango ulipovutwa, joto lililotoka liliwarudisha nyuma. Bonge alijipenyeza kati ya magari, na safari ile kiuno hakikumzuia. Walimkuta Taratibu amepiga magoti sakafuni kwenye chuma, ubavuni mwa gari jeupe, soksi zimemng'ang'ania miguuni, mkono mmoja umeingia dirishani mpaka kwenye usukani. Midomo ilikuwa imepasuka. Kumbe usingizi ulikuwa umemchukua pale kwenye usukani; usiku, jasho lilipoanza, akatoka garini, akalala chini, viti visije vikaloa.

Msimamizi alikuwa na tochi ya simu. Alimulika kiti cha dereva kwanza, akapitisha kidole mlangoni. "Halina mkwaruzo," alisema, kwa pumzi ya kushukuru. Halafu ndipo akamulika chini.

Taratibu alifumba macho kwa ule mwanga. "Sijagusa kitu," alisema.

Walimtoa, wakampa maji kidogo kidogo. Fundi alipiga magoti kwenye kokoto ili amvalishe viatu, lakini miguu ilikuwa imevimba na havikuingia. Alijaribu, akajaribu tena, mpaka Bonge akamshika bega. Basi akavibeba.

*

Taratibu alipona, ila kazi haikupona. Msimamizi alikuja mwenyewe hadi uani, na hiyo ni heshima, akaeleza kwamba kulala ndani ya gari la mteja ni kosa, na kwamba yeye binafsi anasikitika. Mfunga milango naye aliambiwa apumzike kuanzia sasa. Fundi alimsikiliza mpaka mwisho, akamsindikiza mpaka njiani, akarudi akachukua vitambaa vya sare za muhula ujao na kuviweka karibu na cherehani. Wataishi kwa hivyo, kwa jinsi watakavyoishi.

Majirani walikuja kumwona mtu aliyesafirishwa kama gari. Walicheka, wakampa pole, wakauliza alikuwa daraja la ngapi. Taratibu alikaa kwenye kile kiti cha chumba cha mbele na kuwaambia "mm." Wifi alileta uji asubuhi na jioni, akauweka mezani bila kumtazama Fundi usoni. Siku ya tatu au ya nne, akiwa anatoka, alisema, "Wifi, mimi na mdomo wangu," akaishia hapo. Fundi akamwambia wote wana midomo.

Alasiri moja wageni waliisha. Fundi aliacha kushona.

"Treni iliposimama," aliuliza, "nje kulikuwa na watu?"

"Walikuwepo."

"Uliwasikia?"

"Walikuwa wakicheza karata. Mmoja alikuja kukojoa kwenye gurudumu, hapo hapo chini yangu. Alikuwa anaimba." Hayo yalikuwa maneno mengi kwake, akapumzika.

"Na honi ilikuwepo."

"Ilikuwepo."

"Mbona hukupiga? Usiku kucha, na asubuhi, na lile joto. Mpaka nije mimi?"

Taratibu alitazama mikono yake.

"Ningempigia nani, Fundi?"

Hakusema kwa kinyongo. Alisema kama mtu anayeuliza njia, na angekuwa amesema kwa kinyongo Fundi angejua la kumjibu. Alirudi kwenye cherehani akakanyaga. Ilikuwa haina kitambaa. Uzi ukajizungushazungusha peke yake mpaka ukakatika. Alikuwa ameandaa maneno ya kuomba msamaha, mengi, ya kupangwa vizuri, na sasa yote yalikuwa hayafai. Siku zote hizi alikuwa amedhani mpweke katika nyumba ile ni yeye.

Aliinuka. Alibeba kiti chake cha cherehani akakiweka ubavuni mwa kiti cha mumewe. Hakukiweka kuelekeana naye, kama watu wanavyokaa kuzungumza. Alikiweka kitazame mbele, ukutani, sambamba na chake. Akakaa. Mabega yao yalikaribia kugusana.

Nje wifi alikuwa akifagia. Akaacha kufagia.

"Barabara ikoje?" Fundi aliuliza, macho ukutani.

Taratibu hakujibu. Fundi akangoja. Ulimi ulimwasha, maneno yakaja yakapanga foleni, akayameza moja moja, na kwa mara ya kwanza akajua kungoja mtu aseme ni kazi nzito kiasi gani. Ukuta ulikuwa na ufa mdogo uliopanda kuelekea darini. Aliufuata ufa ule mpaka juu, akarudi nao mpaka chini.

Kisha kwa pembe ya jicho aliona mikono ya mumewe inainuka kutoka magotini, polepole, ikashika kitu kisichokuwepo.

"Kwanza mkanda," Taratibu alisema. "Mke wangu, safari ni ndefu."

Fundi alivua tepu ya kupimia shingoni, akaipitisha begani, akaivuta ikakatiza kifua mpaka kiunoni, akaishikilia hapo kwa mkono wake.

"Nimefunga," alisema.